Wino Unatunyonya Nasi Tumelala

Umeibiwa, ndugu yangu, na risiti ukapewa. Uliibeba ile printa kutoka dukani ukichekelea kwamba umeokota dodo chini ya mwarobaini. Bei ya kutupa! Ulijiuliza ni kwa nini? Hukujiuliza. Wino uliokuja nayo ukaisha kabla ya muhula kwisha, ukarudi dukani mbio, na hapo ndipo ukatajiwa bei ya katriji. Mbili tu, nyeusi na ya rangi, na bei yake inakaribia ya printa yenyewe. Ukalipa. Muhula uliofuata ukalipa tena.

Mpaka lini?

Hakuna muujiza hapo. Printa inauzwa rahisi makusudi, ili faida ikavunwe kwenye wino. Wala kampuni hazifichi. Januari 2024 Enrique Lores, aliyekuwa mkuu wa kampuni ya HP wakati huo, aliiambia runinga ya CNBC bila kupepesa macho kwamba kila wanapouza printa wanakuwa wamewekeza kwa mteja, na mteja asiyechapa vya kutosha au asiyetumia wino wao ni uwekezaji mbaya. Umesikia? Ulidhani umenunua mashine, kumbe wewe ndiye uliyenunuliwa.

Wajinga ndio waliwao.

Hebu tupige hesabu. Katriji nyeusi ya kawaida ya HP 305 ina mililita mbili za wino. Mbili! Kijiko cha chai kinabeba tano. Kampuni yenyewe inasema katriji hiyo inachapa kurasa kama 120, na hizo ni kurasa za majaribio zenye wino wa kiasi, si ile picha ya mfumo wa kumeng'enya chakula aliyoagizwa mwanao wa Gredi ya 4, ya rangi, iliyojaa karatasi nzima. Sasa chukua chupa nyeusi ya Epson 103, inayomiminwa kwenye printa za tangi: mililita 65, kurasa 4,500. Uliza bei ya kila moja, kisha gawa kwa kurasa. Gawa mwenyewe, simu unayo mkononi. Ukimaliza, kunywa maji kwanza.

Tangu mtaala wa CBC ulipoanza kutumika kote nchini mwaka 2019, wazazi wa Kenya tumelia kuhusu gharama za kuchapisha. Tumepigia kelele shule. Tumepigia kelele wizara. Katriji je? Katriji hatujaigusa. Tunaikuta kwenye ukurasa wa mwisho wa bajeti, tunaguna, tunalipa. Bandu bandu huisha gogo, na gogo linalobanduliwa ni mshahara wako.

Tena hata hizo mililita mbili huzimalizi. Printa ya wino ikikaa bila kazi, wino hukaukia kwenye vitundu vya kichwa chake. Ikiamka hujisafisha, na kujisafisha kwake ni kumwaga wino, wino wako, kwenye pedi iliyofichwa tumboni mwake. Wewe unayeizimia kwenye soketi ukidhani unaokoa stima ndiye unayeiua. Izime kwa kitufe chake, kichwa kirudi mahali pake kifunikwe. Na uchapishe walau ukurasa mmoja kila wiki, hata kama ni orodha ya sokoni.

Printa nyingine zinagoma kuchapa barua nyeusi tii eti rangi ya samawati imekwisha. Samawati ya nini kwenye barua ya kuomba kazi?

Ukitafuta nafuu kwa katriji ya kampuni nyingine, unakutana na kizuizi cha chipu. Septemba 2016 watu duniani kote walikuta printa zao za HP zimeanza kukataa katriji zilizokuwa zikifanya kazi. Katriji hazikuharibika. Ilikuwa programu iliyopandwa ndani ya printa. Kampuni iliomba radhi kwa kutowaeleza wateja vizuri, lakini mchezo haukuisha: Desemba 2020 mamlaka ya ushindani ya Italia iliitoza HP faini ya euro milioni 10 kwa kutowaambia wateja wazi kwamba printa zao zina vizuizi hivyo. Marekani nako, Mei 2017, Mahakama ya Juu iliiambia kampuni ya printa ya Lexmark kwamba ukishauza katriji, haki yako ya hataza juu yake imekwisha.

Wenzetu wanakwenda mahakamani. Sisi tunakwenda M-Pesa.

Lakini walionifurahisha zaidi ni Waindonesia. Hawakungoja hakimu. Walitoboa, wakaunganisha mipira midogo kutoka kwenye printa hadi kwenye matangi ya wino nje, wakawa wanajaza wino wa bei poa na kuchapa watakavyo. Biashara ya katriji ikayumba kule. Epson ilifanya nini? Mwaka 2010 ilianza kuuza huko huko Indonesia printa yenye tangi lake kabisa, ya kujazwa kwa chupa. Printa hizo unazoziona leo katika kila steshenari zimetokana na ukaidi wa wateja, wala si huruma ya kampuni. Mjinga akierevuka, mwerevu yu mashakani.

Usiniambie printa ya tangi ni ghali. Ndiyo, ni ghali siku ya kwanza. Ile nyingine ni ghali siku zote. Na kama unachapa kurasa chache tu kwa mwezi, usinunue printa ya aina yoyote. Nenda saiba, ulipe, urudi nyumbani. Unayechapa maandishi meusi matupu, tafuta ya leza. Unga wake haukauki.

Kifungu cha 46 cha Katiba yetu ya 2010 kinampa mnunuzi haki ya kupata habari zitakazomwezesha kufaidi kikamilifu alichonunua. Basi kwa nini boksi la printa linapambwa kwa picha za watoto wanaocheka, na gharama ya ukurasa mmoja haionekani popote? Mamlaka ya Ushindani ilazimishe iandikwe hapo, kwa shilingi, kwa herufi zinazosomeka bila miwani.

Nawe, acha kusinzia. Ukiingia dukani, usiulize bei ya printa. Uliza bei ya wino wake, uliza unatoa kurasa ngapi, uliza kama inakubali wino wa kampuni nyingine. Muuzaji akianza kuzungukazunguka, toka nje.