Maembe ya Kuanguka

Katika gazeti hili la shule yetu tumezoea kusoma habari za mpira, za mitihani na za safari za kwenda Serengeti. Leo naomba nafasi niseme juu ya chakula, tena chakula kitamu cha baada ya mlo, jambo ambalo wenzangu wa dahalia wamekwisha kunicheka kwalo hata kabla sijaandika neno. Na wacheke. Mimi nina shauri, nalo ni hili: yapasa shule yetu ioke matunda wakati wa msimu, na mahali pa kuanzia ni embe lile ambalo mnunuzi hulikataa.

Asili ya shauri hili ni likizo ya Desemba, niliyoimaliza kwa bibi yangu karibu na Bunda, si mbali na barabara kuu iendayo Mwanza. Bibi ana miembe mitano. Msimu ukifika, lori huja mara moja kwa juma, na mwenye lori hutaka maembe yaliyochumwa kwa mkono, yasiyo na alama. Ndoo nzima ya lita 20 huinunua kwa fedha isiyotosha kilo moja ya sukari. Na hayo ni yale mazuri. Lile lililoanguka lenyewe likapasuka kidogo ubavuni halina bei kabisa. Juma la tatu chini ya miembe pakawa pa manjano, harufu ni ya pombe, nyigu wamejaa, na ng'ombe wenyewe wamekinai. Bibi alikuwa akifagia maembe kama watu wengine wafagiavyo majani.

Mtu atasema, embe likioza si hasara, huwa mbolea. Sivyo. Mwalimu wetu wa Biolojia alitufundisha habari za inzi wa matunda aliyetoka Asia, ambaye katika Afrika alionekana kwanza Kenya mwaka 2003. Jike hutoboa ganda la embe na kutaga mayai ndani. Mayai huwa mabuu, na mabuu hula nyama ya embe. Embe likianguka na kuachwa hapo, mabuu hutoka, hujichimbia udongoni, na baada ya siku chache huwa inzi tayari kupanda mtini tena. Basi mtu anayeacha maembe yaoze chini ya mti wake anafuga adui wa mavuno yake mwenyewe. Yenye mabuu yafaa yazikwe chini sana. Lakini yale yaliyopasuka tu, ambayo ni mengi, yangali chakula.

Katika maktaba yetu kuna kitabu kikuukuu cha upishi cha Kiingereza, kisicho na jalada, nacho nilikuwa nimekisoma siku moja ya mvua kwa kukosa kingine. Mle nilikuta chakula ambacho Waingereza hukiita krambo. Matunda hukatwa vipande na kutiwa sukari, kisha hufunikwa kwa unga uliosuguliwa na siagi hata ukawa kama chenga za mchele, halafu chombo chote huokwa. Chini matunda huwa laini na kutoa maji yake, juu chenga huwa kavu na kukauka rangi ya kahawia. Wao hutumia zaidi matufaa, yaani yale ambayo wachuuzi wa Musoma huyaita maepo na kuuza moja kwa bei ya maembe mengi. Nikajiuliza, kwa nini isiwe embe?

Bibi aliponiona nakoleza moto alisema, "Mume wangu, leo umekuwa mke?" Nikamjibu, "Bibi, nipe samli kidogo utaona." Akanipa, huku akicheka na kuwaita jirani waje kutazama.

Sitaficha kwamba mara ya kwanza niliharibu. Nilitia makaa mengi chini na machache juu, kama mtu apikaye maharage. Sukari ya maembe ikaungua ikashika sufuria, na unga wa juu ukabaki mbichi, mweupe kama chokaa. Bibi alionja kwa adabu kisha akampa mbwa. Aliyeniokoa ni mama mmoja jirani ambaye huoka keki za harusi kwa mkaa, wala hajawahi kuwa na tanuri la umeme. Alinionyesha kwamba kuoka ni kinyume cha kupika: makaa machache chini, mengi juu. Sufuria kubwa hutiwa mchanga mkavu kiasi cha vidole viwili, sufuria ndogo huwekwa juu ya mchanga, kubwa hufunikwa kwa mfuniko uliogeuzwa ili makaa yakae juu yake yasianguke. Huachwa hivyo hata mchanga upate moto kwanza, ndipo chakula kiingie. Baada ya dakika 40 hivi, usipofunuafunua, harufu yenyewe itakuambia.

Mara ya pili bibi alikula sahani mbili. Jirani waliokuja kucheka walikaa wakala nao.

Kipimo nilichokifuata ni rahisi kukumbuka. Kwa uzito, mafuta yawe nusu ya unga, na sukari nusu ya unga vilevile. Kwa watu wanne, gramu 200 za unga, 100 za siagi na 100 za sukari hutosha, pamoja na maembe sita ya kiasi. Ukitumia samli, punguza kidogo, kwa kuwa siagi ina maji ndani yake na samli haina. Samli katika joto la Bunda huyeyuka, nayo iliyoyeyuka haifanyi chenga, hufanya matope. Sisi tuliifunga katika kopo na kuliweka usiku kucha ndani ya mtungi wa maji, asubuhi ikawa imeganda. Maembe yaliyoiva mno changanya na machache mabichi, ili pawe na ukali kidogo, au ukamue ndimu. Na maembe yenye maji mengi uyanyunyizie kijiko kimoja cha unga wa muhogo, yasije yakawa mchuzi.

Sasa nafika mahali ambapo naomba wasomaji wanisikilize vizuri, maana ndipo penye nguvu ya shauri langu. Mkate na andazi havina budi kufanywa kwa ngano. Ngano ina namna ya utomvu ambao ukikandwa na maji huvutika kama mpira, ukashika hewa, na hivyo mkate huumuka. Ulezi hauna utomvu huo, wala mtama, wala muhogo. Ndiyo sababu mkate wa ulezi mtupu hubomoka. Lakini krambo haiumuki, wala haitakiwi kuumuka. Kubomoka ndiyo kazi yake! Mafuta husuguliwa katika unga makusudi, ili chembe zifunikwe zisishikane. Kwa hiyo unga ambao ni dhaifu kwa mkate ni unga mzuri kabisa kwa krambo. Mimi nilitumia nusu ngano na nusu ulezi, na siku nyingine ulezi na muhogo bila ngano hata kidogo, nami naona ya ulezi ilishinda zote kwa harufu. Ladha ya ulezi uliookwa na samli siwezi kuieleza, mtu na ajaribu.

Jambo hili si dogo. Sehemu kubwa ya ngano tuilayo Tanzania hutoka nchi za nje. Mwaka 2022 vita vya Urusi na Ukraine vilipopandisha bei ya ngano duniani, sisi tuliokuwa watoto tuliviona vita hivyo katika andazi, ambalo lilikuwa dogo zaidi kwa bei ileile. Ulezi, mtama na muhogo hulimwa hapahapa Mara.

Nimekwisha sikia wanaonipinga. Wa kwanza husema kwamba hiki ni chakula cha Wazungu, tena cha anasa. Kuhusu Wazungu, nami nauliza: chapati ilitoka wapi? Embe lenyewe lilitoka upande wa Bara Hindi. Muhogo na mahindi, ambayo tusipoyala siku mbili twajiona tuna njaa, yalitoka Amerika. Hakuna mzee wa Bunda anayemwita muhogo mgeni. Kuhusu anasa, krambo ilienea Uingereza kwa ajili ya shida. Katika Vita Kuu ya Pili siagi na sukari vilianza kugawiwa kwa kadi Januari 1940, na kadi za chakula hazikuisha kabisa hata Julai 1954. Mama wa nyumba hakuwa na mafuta ya kutosha kufanya mkate mzima wa kufunika matunda, lakini chenga kidogo aliweza kuzinyunyiza zikaenea. Babu na bibi zetu wanaokumbuka foleni za sukari za mwanzo wa miaka ya 1980 watamwelewa mama huyo upesi kuliko sisi.

Wa pili ni mwalimu mmoja tunayemheshimu sana, aliyeniambia kwamba mkaa unamaliza miti, na kwamba Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia wa 2024 wataka asilimia 80 ya Watanzania wawe wanatumia nishati safi ifikapo 2034. Hili ni neno la kweli, wala sikuwa na jibu siku ile. Lakini mwishoni mwa likizo nilipita Musoma kwa baba mdogo, ambaye hupikia gesi, nikajaribu sufuria yenye mchanga juu ya jiko lake. Maembe yaliiva vizuri. Chenga za juu hazikukauka, kwa kuwa juu hapakuwa na moto. Basi safari iliyofuata nilizikaanga chenga kwanza peke yake, kwa moto mdogo, bila kuacha kuzigeuza, ndipo nikazimwaga juu ya maembe yaliyokwisha kuiva. Si sawa kabisa na ya makaa. Lakini baba mdogo, ambaye hakuijua ile ya makaa, hakulalamika, na watoto wake waligombania ukoko.

Wengine wamesema kwamba ni afadhali embe liliwe hivihivi. Hao nawaunga mkono! Moto hupunguza vitamini C, na embe zima lililoiva halihitaji ufundi wa mtu yeyote. Mwenye embe zima na alile. Mimi nasema juu ya lile ambalo kesho litakuwa la nyigu.

Ama wale wasemao kwamba upishi ni kazi ya wasichana, sitawapotezea wino mwingi. Katika hoteli za mbugani wapishi wengi ni wanaume, nao hulipwa mshahara.

Tulipokwenda Butiama mwaka jana kuona Makumbusho ya Mwalimu Nyerere, tulikumbushwa habari za Elimu ya Kujitegemea aliyoitoa Machi 1967, ambayo ilitaka shule iwe pia mahali pa kuzalisha, na wanafunzi wasiwe watu wa kulishwa tu. Wengi wetu tuliandika maneno hayo katika madaftari, tukarudi shuleni, tukapanga foleni bwaloni na sahani zetu. Wadogo zetu walioanza na mtaala mpya wa Januari 2024 wanasikia habari za mkondo wa amali, na wengi wao wadhani amali ni lazima iwe mashine kubwa, zinazongojwa kutoka Dar es Salaam. Sufuria mbili na debe la mchanga si mashine.

Nimefanya hesabu. Darasa la watu 40 lahitaji kilo mbili za unga, kilo moja ya samli au siagi, kilo moja ya sukari, na maembe 60. Maembe hayo tukiwaendea wakulima wa karibu na kuchukua yale ya kuanguka siku ileile, kabla ya inzi, na kuwalipa hata kidogo, hakuna atakayekataa, maana kwa sasa hawapati chochote. Msimu ukiisha, lipo papai, lipo pera, na zipo ndizi za Tarime zinazoshuka sokoni. Wanaotaka kuuza kwa wageni siku ya wazazi na wauze, fedha iende katika mfuko wa darasa.

Mimi niko kidato cha nne na Novemba nafanya mtihani, kwa hiyo maembe ya Desemba ijayo hayatanikuta hapa. Nimekwisha peleka barua kwa Mkuu wa Shule kuomba Jumamosi moja ya muhula huu, kona ya jiko, na sufuria mbili za zamani ambazo mpishi wetu amesema hazitumii. Tutaanza na mapapai. Wanafunzi tisa wa kidato cha kwanza na cha pili wameandika majina yao, na wanne kati yao ni wavulana. Jibu la barua bado twalingoja.