BARUA ILIYOFUNGWA SI KOSA

Barua itokayo Chake Chake kwenda Unguja hutiwa katika bahasha, na bahasha ikagundishwa. Hakuna karani wa posta amwulizaye mwananchi kwa nini ameifunga.

Mambo yapelekwayo kwa intaneti nayo yahitaji bahasha. Chombo kiitwacho VPN huyafumba kwa hesabu maalumu, kisha huyapitisha kwa wakala aliye mahali pengine, ndipo yafike yaendako. Kampuni ya simu hujua kuwa mteja wake awasiliana na wakala huyo, haijui yasemwayo. Kwa njia hii tawi huwasiliana na makao makuu, na mtumishi aliye nyumbani hufungua majalada ya ofisi bila wezi kuyadokoa.

Mwezi Oktoba 2023, Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania ilitangaza kuwa watumiao VPN wajitambulishe hadi tarehe 30 ya mwezi huo, na wataje anwani zao za mtandao. Posta na simu ni mambo ya Muungano. Kanuni za mwaka 2020 zilikwisha kuweka faini isiyopungua shilingi milioni 5, au kifungo kisichopungua miezi 12, au vyote viwili.

Hoja ya Serikali si ya kubezwa, maana wapo watumiao kificho hiki kwa maovu. Lakini mhalifu hajiandikishi. Orodha hubeba majina ya watu wema, na ikiibwa humwonyesha mwizi mlango wa kila ofisi. Tena, Ibara ya 16 ya Katiba ya mwaka 1977 yalinda faragha ya mawasiliano ya mtu. Twashauri kanuni zitamke wazi kuwa mtu ataadhibiwa kwa tendo alilotenda, si kwa chombo alichojihifadhi nacho.

Wananchi nao wasilale. Wakala huona kila mahali mteja wake aendako, na aweza kuuza habari hizo. Wale wa bure ndio wa kutiliwa shaka zaidi. Rahisi huvunja upishi. Maafisa wa Serikali hawana budi kuwa wa kwanza kuchagua wakala aaminikaye, kwa kuwa majalada wayabebayo ni ya wananchi.