Filamu za Kikoloni Zisifichwe

Wapo wanaodai kwamba filamu za zamani zinazomdhalilisha Mwafrika zifungiwe kabisa. Uchungu wao ni wa halali, lakini kuzifungia kutawasitiri waliozitengeneza.

Itazamwe *Sanders of the River*, iliyotolewa Uingereza mwaka 1935. Humo Bwana Sanders, mtawala wa wilaya nchini Nigeria, anawalea Waafrika kama watoto. Akienda likizo tu, vita vinazuka. Akirejea, amani nayo inarejea. Hiyo ndiyo kasumba yenyewe, bila kificho.

Aliyeigiza chifu Bosambo, mtiifu kwa Sanders, ni Paul Robeson, mwimbaji na mpigania haki wa Marekani. Alikubali kazi hiyo akiamini kwamba utamaduni wa Afrika ungeonyeshwa kwa heshima. Filamu ilipokamilika ikawa ni sifa tupu kwa ukoloni, naye akaikana hadharani. Na miongoni mwa Waafrika waliokodiwa huko Uingereza kuijaza picha hiyo alikuwamo Jomo Kenyatta, aliyekuja kuiongoza Kenya kupata uhuru mwaka 1963. Kamera ya mabeberu haikujua inampiga picha nani!

Mambo hayo hayafundishiki kwa filamu iliyofungiwa kabatini. Wala si sawa kuionyesha kama burudani ya jioni, vijana wakacheka kisha wakaenda kulala. Mwalimu na aisimamishe pale Sanders anapoondoka, awaulize wanafunzi wake: ni nani aliyeandika kwamba Waafrika hao lazima wapigane?