Aliyeacha udaktari akashika kamera

Hapa Walungu, mwanafunzi wa lugha akisema anataka kuingia kwenye sinema, huulizwa: "Ulikuja kusoma au kucheza?" Ningependa tujibu swali hilo kwa mfano wa Dieudo Hamadi.

Hamadi alizaliwa Kisangani mwaka 1984, akaanza masomo ya udaktari. Baadaye alishika kamera, akajifunza kuhariri, akawa mwongozaji, kisha mtayarishaji wa filamu zake. Mwaka 2014 alitoa Examen d'État, kuhusu vijana wa Kisangani wanaohangaikia mtihani wa taifa, ule ule tulioufanya sisi. Mwaka 2017 ikafuata Maman Colonelle: koloneli wa polisi, Honorine Munyole, anahamishwa kutoka Bukavu yetu kwenda Kisangani, na huko anaendelea kuwalinda wanawake na watoto. Mwaka 2020, En route pour le milliard, kuhusu majeruhi wa Vita vya Siku Sita wanaoshuka mto hadi Kinshasa kudai fidia, ikachaguliwa na tamasha la Cannes.

Wengine wataita maisha hayo kutangatanga. Mimi naona kazi moja. Daktari humuuliza mgonjwa panapouma, kisha husikiliza. Hamadi naye huwaacha watu waseme wenyewe.

Lakini wanasema Kiswahili na Lingala, na mtazamaji wa mbali huwaelewa kwa maandishi yaliyo chini ya picha tu. Hapo ndipo penye kazi yetu. Mama wa kwetu asiyetaka kutamka neno "kubakwa" anaweza kusema tu, "Waliniharibu." Mfasiri aandike nini? Akiweka neno kali, amemvua nguo mara ya pili. Akiweka neno hafifu, amempunguzia mkosaji kosa lake. Uamuzi huo hauhitaji kamera. Unahitaji mtu anayeijua lugha na anayewajua watu wake.

Kwa hiyo naomba kitivo chetu kikubali tafsiri ya maneno ya filamu kama kazi ya kumaliza masomo, mwanafunzi akitetea kila neno alilochagua mbele ya walimu. Najua tutaambiwa hatuna vifaa na umeme unakatika. Kompyuta moja inatosha wanafunzi kadhaa kwa zamu. Tusipoifanya sisi, maneno ya mama zetu yataendelea kuchaguliwa na watu wasiowahi kukaa nao jikoni.