Neno Moja, Ruhusa na Adhabu

Tangu Kiingereza kilipofanywa lugha rasmi nchini Burundi mwaka 2014, maneno yake huingia maofisini hapa Bujumbura, na mengine huingia na sura mbili. Mojawapo ni "sanction". Maana ya adhabu inajulikana. Iliyo adimu ni ile ya kuidhinisha, ambayo hukutwa zaidi katika maandishi ya sheria. Asili yake ni Kilatini, kuhusu amri iliyotiwa utakatifu: anayeitii amepewa kibali, anayeivunja hupatilizwa.

Wakazi wa mji huu hawakulijua neno hili kwa kamusi. Baada ya mapinduzi ya Julai 1996, nchi jirani zilikutana Arusha na kuiwekea Burundi vikwazo, vilivyosimamishwa Januari 1999. Mafuta yaliadimika na bei zikapanda. Lau mfasiri angeandika kwamba Arusha imetuidhinisha, angechekwa hadi Buyenzi!

Lakini hatari bado ipo. Kifungu cha 143 cha Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, ambayo Burundi iliingia mwaka 2007, kina kichwa chenye neno hilo, nacho chahusu nchi isiyotimiza wajibu wake, ukiwamo wa fedha. Ukiandika "idhini" hapo, mdaiwa amepongezwa.

Hatuoni haja ya kuunda "sanksheni". Mfasiri na atazame mtendewa: ikiwa ni bajeti au mpango, aandike idhini, ikiwa ni mtu au taifa, aandike adhabu au vikwazo.