Jiko Linang'ara, Bomba Limeziba



Ndugu wasomaji, kila Ramadhani inapokaribia, nyumba zetu hapa Buyenzi huingia kwenye usafi. Kuta hupakwa chokaa, mikeka hufuliwa, na hata jiko la kuni hupambwa. Si vibaya, lakini nina neno.

Mwaka juzi mimi mwenyewe nilisimamia usafi wa jiko la chuma la madrasa yetu. Wanafunzi walilisugua, tukalipaka rangi ya mafuta iliyobaki baada ya kupaka milango. Likang'ara! Siku ya kwanza ya kupika futari, jikoni hapakukalika. Rangi ilipopata moto ilitoa harufu kali, na moshi ulirudi ndani kwa sababu bomba lilijaa masizi. Mama mpishi alitoka akikohoa, akaniuliza: "Ustadhi, jiko mmewasafishia wageni, au mmenisafishia mimi?" Sikuwa na jibu.

Swali hilo linatuhusu sote. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kuwa moshi wa majumbani ulisababisha vifo milioni 3.2 mwaka 2020, wakiwemo watoto zaidi ya 237,000 wenye umri wa chini ya miaka 5. Hao ndio wanaokaa mgongoni mwa mama anapopika.

Kwa hiyo tuanze ndani, kisha nje. Jiko lipoe kabisa. Chuma cha moto kikimwagiwa maji huweza kupasuka. Toeni majivu, muyaweke kwenye ndoo ya bati, kwani kaa huweza kujificha humo siku nzima na zaidi. Piteni bombani kwa brashi ya waya mpaka masizi yaishe, maana yakirundikana huweza kushika moto. Zibeni nyufa. Hapo ndipo mgeukie sura ya jiko: ondoeni kutu kwa brashi na msasa, pangusa vumbi, kisha mpake rangi maalumu ya kuhimili joto, si ya milango. Moto wa kwanza uwe mdogo, madirisha yakiwa wazi. Na baada ya hapo choma kuni kavu tu, kwa sababu kuni mbichi huzaa masizi zaidi.

Je, kazi hii ni ya nani? Wengi watasema ni ya mama. Mimi nasema ni ya akina baba na vijana. Bibi Aisha (r.a.) alipoulizwa Mtume (s.a.w.) alikuwa akifanya nini nyumbani, alieleza kuwa alikuwa akiwahudumia watu wa nyumba yake. Sisi ni nani hata tuone haya kushika brashi?

Siku hizi, kila mwezi, mimi na wanafunzi wakubwa tunasafisha bomba. Rangi imeshaanza kufifia, lakini mama mpishi hakohoi tena.

Wabillahi tawfiiq.