Nani anahesabu vibao vya Katelembo?

Kijana wa Katelembo, tuongee ukweli. Wimbo wa kantri ukipigwa ndani ya matatu ya kwenda Machakos mjini, hakuna abiria anayeuliza umetoka wapi. Mzee anajua Jim Reeves na Kenny Rogers, mathee anaimba Dolly Parton huku akichambua ndengu, nawe umeng'ang'ania "A Bar Song" ya Shaboozey tangu 2024. Si ajabu. Katelembo yenyewe wengi huijua kwa chama chake cha ushirika cha kilimo na ranchi. Visa vya ng'ombe, vumbi, pombe na mapenzi yaliyovunjika havihitaji mkalimani huku kwetu.

Huyo Shaboozey jina lake halisi ni Collins Obinna Chibueze, Mmarekani wa Virginia ambaye wazazi wake ni Wanigeria. Kibao chake kilikaa nambari moja kwenye chati ya Billboard Hot 100 kwa wiki 19, kikaifikia rekodi ambayo "Old Town Road" ya Lil Nas X iliweka mwaka 2019. Kumbuka hiyo "Old Town Road" ilikuwa imeondolewa kwenye chati ya kantri, eti haina ukantri wa kutosha! Miaka mitano baadaye, Beyoncé akaongoza chati hiyo hiyo ya kantri, na aliyempokea uongozi ni Shaboozey.

Sasa jiulize, hizo wiki 19 zilijulikanaje? Zilihesabiwa. Kule Marekani, wimbo ukisikilizwa mtandaoni, ukipigwa redioni au ukinunuliwa, kuna mahali unaandikwa, na Billboard hujumlisha yote hayo kila wiki. Msanii akienda kwa promota, anaenda na nambari mkononi.

Rudi nyumbani. Kwangu mimi, benga ya Kikamba ndiyo kantri yetu: gitaa, kisa kirefu, jina la kijiji, na mtu mmoja aliyekosewa. Kakai Kilonzo na Kilimambogo Brothers waliimba kwa Kiswahili pia, na Kenya ikawasikiliza mbali na Ukambani. Ken wa Maria naye, kwa "Fundamentals", aliwachezesha hata wasiojua neno moja la Kikamba. Vibao hivyo vilipigwa mara ngapi? Hakuna wa kukuambia.

Utasema YouTube na Spotify zina orodha zao. Ndiyo, lakini zinamhesabu mwenye bando. Wimbo uliowekwa kwenye flashi pale steji kwa shilingi chache, ukachezwa kwa kinyozi, kwenye matatu na kwenye harusi mwezi mzima, hauonekani popote. Msanii anapigiwa makofi sokoni, kisha anatembea kwenda nyumbani kwa kukosa nauli.

Vyama vya kukusanya mirabaha vipo, na wasanii wamelalamika miaka nenda miaka rudi kuhusu vijisenti wanavyopata. Lakini hata chama chenye nia safi kitagawaje pesa kwa haki kama hakijui ni wimbo gani ulipigwa, na mara ngapi?

Ndiyo maana tunasema vituo vinavyotangaza kwa Kikamba, Musyi FM na Mbaitu FM vikiwemo, vitoe kila wiki orodha ya nyimbo vilizopiga, pamoja na idadi. Si kazi ngumu, kompyuta ya studio inajua tayari. Kaunti ya Machakos nayo, inapoalika wasanii kwa sherehe za umma, iangalie orodha hiyo badala ya kuangalia nani anajuana na nani.

Nawe msomaji una sehemu yako. Jirani yako akitoa wimbo, usimwambie akurushie faili kwa WhatsApp. Mwombe linki, usikilize hapo hapo kwenye ukurasa wake. Na kama una salio, fanya huo wimbo uwe Skiza yako, ili hata anayekudai ausikie kabla hujapokea simu.